Sinagogi la Bibi Estelle na Madereva wa Karatu

Karatu, 11 Februari 2024

Mdogo wangu Eva,

Kwa heshima na taadhima, na kwa niaba ya ukoo wote uliobaki kijijini Daa, natangaza kwamba suruali yangu ya kaki ya kazini imekataa rasmi kufungwa kifungo cha juu. Mazungumzo baina yangu na suruali yalifanyika Jumanne asubuhi mbele ya wifi yako Lusia, yakavunjika. Lusia amewaomba wananchi wawe watulivu. Mimi naendelea kuendesha watalii kwa msaada wa mkanda.

Baada ya tangazo hilo, habari za huko Cleveland? Sisi wazima. Mvua zilipitiliza, mahindi ya Daa yamelala chini kama walevi, lakini mbaazi zimesimama. Josephati, yule dereva mwenzangu mrefu, kapata mtoto wa tano na bado anajifanya anashangaa.

Naandika kama tulivyokubaliana. Ile simu ya Krismasi ilitushinda wote wawili. Wewe ulikata, na mimi nikakata wakati umeshakata, ili ijulikane kwamba na mimi nimekata. Barua haina mtu wa kuidakia maneno. Bahasha hii nampa mama mmoja mtalii anayerudi Ohio, kaahidi kuitia posta akifika kwao.

Sasa lile swali la Krismasi, safari hii kwa adabu. Uliacha kazi ya hospitali ukaenda kuwa mlinzi na mfagiaji wa sinagogi. Hao Wayahudi wako ni akina nani? Na mtu aliyebatizwa kwenye kigango cha Oldeani, tena aliyekataa kunifagilia chumba mimi kaka yake wa damu, amefikaje kuwafagilia wao?

Kaka yako,
Remigius


Cleveland, 2 Aprili 2024

Kaka Remi,

Shikamoo. Mtalii wako aliisahau barua ndani ya begi la miavuli. Imenifikia jana ikiwa na harufu ya dawa ya mbu. Pole kwa suruali. Mwambie wifi apunguze ugali wa usiku, na umwambie ni mimi niliyesema.

Huku theluji inayeyuka na barabara ni tope, sawasawa na Karatu mwezi wa nne, ila hapa hakuna anayekusalimia ukiteleza.

Umeuliza ni akina nani. Nitakusimulia kama nilivyosimuliwa na Bibi Estelle, ambaye ana miaka themanini na minane na kila Ijumaa hunikalisha jikoni nikamenya viazi huku yeye akinifundisha mji wake. Babu wa mama yake alitoka kijiji kimoja cha Hungaria walikokuwa wakisumbuliwa kwa dini yao. Alifika hapa bila Kiingereza. Alijitwika mzigo wa sindano, vifungo na miwani, akatembea shamba kwa shamba akiuza, kama wale wauza mitumba waliokuwa wanapita kambi ya vibarua wa kahawa kule Oldeani tukiwa wadogo. Mgongo ulipochoka akafungua duka. Wakaja wengine wa kijiji chake, mji nao unakua, reli inaingia, viwanda vya nguo vinafunguliwa, wanashona usiku na mchana.

Unajua kitu cha kwanza walichonunua kwa pamoja ni nini? Shamba la kuzikia. Hata nyumba ya sala walikuwa hawana, walisali juu ya duka la samaki. Walianza na chama cha kuzikana. Aliponiambia hivyo niliacha viazi nikacheka, kwa sababu nilimwona Mama yetu na kile chama chao cha Daa na zile sufuria zao.

Nyumba ya sala waliijenga baadaye kwa matofali mekundu, ndiyo hii ninayoilinda. Mji ukazidi kukua. Kulikuwa na mitaa ambako hawakuruhusiwa kununua nyumba, na vyuo vilivyowapokea kwa kipimo, wachache tu. Wakakaa hapa. Baada ya vita vikuu vya pili wengi wakapata magari na nafasi, wakahamia vitongoji vya juu. Barabara kuu ikapitishwa katikati ya mtaa. Masinagogi yakauzwa moja baada ya jingine, mengi wakayanunua Wabaptisti weusi, na mpaka leo kuna kwaya inaimba chini ya dirisha lenye nyota ya Daudi. Ni watu wazuri, Bibi Estelle huwapelekea keki. Lakini hii moja watu wake waligoma kuiuza. Baba yake alikuwa na duka la viatu hapo kona, akasema hahami, na hakuhama.

Sasa mtaa unapendwa tena. Vijana wenye mbwa wanarudi mjini, maghorofa yanaota kila upande, na kuna kampuni inaitaka hii nyumba ivunjwe. Shida ni kwamba sala yao kamili, pamoja na sala ya wafiwa, haisaliki mpaka watu wazima kumi wawepo. Zamani walihesabiwa wanaume tu. Bibi Estelle alipigania mpaka wanawake nao wakahesabiwa, na wapo wazee ambao hawakumsalimia tena mpaka wakafa. Yeye anasema hakuwakosa sana. Lakini leo, wanawake kwa wanaume, wapo tisa. Kila Jumamosi wanakaa tisa, wanasali zile sala zinazosalika, wanakula samaki, wanarudi nyumbani. Kamati ya sinagogi inasema nyumba ya watu tisa haina maana. Na mwenyekiti wa kamati ni mwanawe wa kumzaa, Leonard, anayeishi huko vitongojini na hajakanyaga hapa siku ya sala tangu baba yake azikwe.

Bibi Estelle anasema: walituambia tusikae hapa tukakaa, sasa wanatuambia tuondoke. Halafu hamalizii. Anaendelea na viazi.

Remi, unakumbuka Baba alipoambiwa tutoke kambini, shamba la kahawa lilipopata mmiliki mpya? Alifunga godoro kwa kamba, akatoka. Hakusema neno hata moja. Nilikuwa na miaka saba nikamsubiri aseme. Ndiyo sababu nafagia hapa.

Wako,
Eva


Karatu, 19 Mei 2024

Mdogo wangu Eva,

Barua yako nimeisoma mara ya kwanza nikiwa kwenye foleni ya lango la Loduare la kuingilia hifadhini, mara ya pili kwa sauti, Lusia akisikiliza. Amekasirika kuhusu ugali. Ameagiza nikuambie kwamba tumbo hili alilikuta.

Mahindi yaliyolala tumeyavuna hivyo hivyo. Msimu wa wageni unaanza, vumbi jekundu limerudi kwenye nafasi yake, yaani ndani ya masikio yangu. Sankale, yule fundi wa magari, anakusalimu. Bado hajaoa, kama ulikuwa unauliza. Najua hukuuliza.

Bibi Estelle wako nimempenda. Mtu anayegombana na wanaume mpaka wanakufa bila kumsalimia, kisha anawamenyea viazi waliobaki, huyo angekaa Daa bila shida. Ila hesabu zenu zinanichanganya. Wapo tisa, wanahitaji kumi, na wanawake wanahesabiwa. Wewe si unakuwepo kila Jumamosi? Si ndiye unayefungua mlango na kuwasha moto? Kwa nini wewe usiwe wa kumi mambo yakaisha? Au ni lazima mtu awe amekonda?

Jambo jingine. Umeniandikia kurasa nne za nyumba hiyo, na sijaona mahali uliposema wewe unalala wapi ndani yake, na ikivunjwa utalala wapi.

Remigius


Cleveland, 16 Juni 2024

Kaka Remi,

Shikamoo. Naandika haraka. Salamu kwa wifi, namwomba radhi, tumbo ni lako mwenyewe. Sankale umwache.

Kuna jambo. Leonard anakuja huko. Mwezi wa saba anakwenda Tanzania na mkewe kutazama wanyama, safari waliyoipanga tangu wastaafu. Nikamwambia nina kaka Karatu ambaye ni dereva mzuri na ana maneno mengi. Wakala wao Arusha amekubali uwachukue wewe.

Kamati itapiga kura mwishoni mwa Agosti, na kura yake ndiyo inayosubiriwa. Sikuombi umhubirie. Wewe ukihubiri mtu anaweza kuuza hata asichokuwa nacho. Nakuomba uzungumze naye tu. Siku nzima mko ndani ya gari, atasema. Umwambie unavyoona wewe, mtu wa mbali. Mama yake anamngoja, na ninavyomjua hatakwenda kumwomba.

Lile swali lako la kwa nini mimi nisihesabiwe nitalijibu siku nyingine. La kulala usijali.

Eva


Karatu, 28 Julai 2024

Mdogo wangu,

Wageni wako wameondoka salama. Waliona faru kwa mbali, akiwa mdogo kama kokoto, nikawaambia ndiye, wakaniamini. Mkewe ni mpole, alipenda maua ya kando ya barabara kuliko simba. Mwewe walitunyang'anya kuku wakati wa chakula. Bwana Leonard alipoteza kofia kwa upepo.

Tulizungumza. Mengine ni ya kawaida.

Umesema kulala nisijali. Sawa, nimeambiwa nisijali, na mimi ni mtu mtiifu.

Remigius


Cleveland, 8 Septemba 2024

Kaka Remi,

Shikamoo, na hii shikamoo ni ya mwisho mpaka unijibu vizuri. Ukurasa nusu. Wewe, ambaye suruali uliipa aya nzima.

Sasa nisikilize. Jumamosi ya kwanza baada ya wageni wako kurudi, wale tisa wameshakaa, mlango ukafunguliwa. Leonard. Hana kofia, ikabidi nimpe moja ya zile zinazowekwa kwenye sanduku pale mlangoni. Akakaa safu ya nyuma mahali alipokuwa akikaa baba yake. Hakuna aliyegeuka. Mzee anayeongoza sala akarudi nyuma ukurasa mmoja, akaanza upya, safari hii sala kamili. Nilikuwa mlangoni na ndoo. Ilipofika sala ya wafiwa Leonard alisimama, na Bibi Estelle akasimama, na nikatoka nje kwa sababu sala ile haikuwa yangu, na machozi yale nayo hayakuwa yangu.

Amekuja kila Jumamosi tangu hapo. Mwisho wa Agosti kamati ilipokaa, akaiondoa hoja ya kuuza. Watu wa kampuni walikuwepo na michoro yao. Mjumbe mmoja akamwuliza, wewe mwenyewe ndiye uliyeileta, sasa kitu gani kimebadilika? Akajibu, "Sijabadilika. Nimekataa tu." Wajumbe wawili wamejiuzulu. Paa bado linavuja na kampuni imesema itarudi. Bibi Estelle amesema warudi, atawakaangia viazi.

Hawaelewi, Remi. Mama yake kamwuliza umepewa dawa gani huko Karatu. Yeye anacheka, anasema, "Mwulizeni dereva." Nami nakuuliza dereva.

Na mimi nijibu la kwangu. Sihesabiwi kwa sababu si Myahudi. Nilikwepa kukuandikia kwa kuwa nilijua utakasirika kwa niaba yangu, na sikutaka hasira yako. Wamebaki Wayahudi miaka yote hiyo, katika mji ambao kila mtu aliwaambia ingekuwa rahisi wakijifanya kitu kingine. Sasa mimi nijifanye? Sala ni yao, mlango ni wangu. Nalala chumba cha nyuma ya jukwaa la sala. Mwezi wa sita nilikuwa nimeshafunga begi. Godoro lingebaki, ni la kwao.

Haya, sema.

Eva


Karatu, 13 Oktoba 2024

Mdogo wangu Eva,

Lusia hajambo, mbuzi hawajambo, Josephati hajambo, wote wanakusalimu. Nimemaliza salamu. Nimekaa na hii karatasi siku kadhaa nikitunga namna ya kutokea vizuri kwenye habari yenyewe, nikaona kila nikitunga nazidi kuwa mzuri. Kwa hiyo nitakueleza ilivyokuwa.

Kwanza, sikukutetea. Kazi yetu ina sheria moja: mgeni akisema fisi ni mnyama mzuri, unasema kweli, hasa masikio. Kuanzia Arusha mpaka Karatu Bwana Leonard alinihesabia: paa, mabomba, joto la kupasha, bima, watu tisa wazee, na kila mwaka anakufa mmoja au nusu. Alikuwa mhasibu maisha yake yote na anahesabu vizuri. Nami kila alipomaliza namwambia, ndiyo bosi, uza. Siku tatu nzima. Mbele ya kijumba cha mkaguzi pale Loduare nilimwambia uza. Kwenye mteremko wa kushuka kreta, mkono mmoja uko kwenye usukani, nikamwambia auze haraka kabla bei haijashuka. Huyo ndiye kaka uliyemtuma.

Siku tuliyoshuka kreta ilikuwa siku ya kumbukumbu ya kifo cha baba yake. Sikujua. Tulipofika Ngoitokitok, pale kwenye bwawa la viboko tunapolia chakula, mkewe akaniambia kwa sauti ya chini kwamba leo mzee hatakula, ni siku ya baba yake, na nyumbani angeisema sala lakini inahitaji watu kumi.

Eva, hapo ndipo barua zako zilinipanda kichwani. Nikasema huyu mtu amekosa kumi tu, na mimi hapa nina madereva wote wa Karatu wanakula kuku. Nikawafuata gari kwa gari. Josephati akaja. Lekishon, dereva mwenzetu wa Kakesio, akaja na chai yake. Wakaja madereva wengine, na wapishi wawili wa kambi. Nikawaambia mgeni wangu ana msiba, vaeni kofia, kwa kuwa niliwahi kuona kwenye picha kwamba huvaa kofia. Kila mtu akavaa aliyokuwa nayo. Mpishi mmoja alijifunika taulo. Tukamwendea Bwana Leonard tukiwa tumejipanga, na nyuma yetu mwewe wakashuka kwenye kuku wetu.

Nikamwambia, bosi, tumetimia. Nikaanza kumwonyesha kwa kidole, mmoja, wawili, watatu. Nilipomfikia Lekishon akaukwepa mkono wangu kama nimemshikia panga.

"Acha hiyo," akasema. "Kwetu mtu hahesabiwi. Hata ng'ombe siwahesabu, nawatazama tu najua nani hayupo. Wewe Mwiraqw unataka kunimaliza mchana huu?"

"Ni hesabu ya sala, Lekishon."

"Ndiyo mbaya zaidi."

Bwana Leonard akaniuliza anasema nini. Nikamtafsiria. Akacheka, mara ya kwanza tangu Arusha, akacheka mpaka akajishika magoti. Akasema mama yake ni hivyo hivyo. Kila Jumamosi anasimama pale mbele akiwatazama watu wake na kusema, si mmoja, si wawili, si watatu, kwa sababu kwao nao kumhesabu binadamu ni kumwitia balaa. Akasema utotoni alikuwa akiona aibu sana, mama wa wenzake wote wanahesabu kawaida.

Kisha akatushukuru, mmoja mmoja, kwa mkono. Akasema lakini ile sala hawezi kuisema, kwa kuwa ni lazima wawe Wayahudi. Alisema kwa upole. Wenzangu walielewa, Wakatoliki na Walutheri hawa wanajua mambo ya masharti. Mimi ndiye sikuelewa.

Nikamwuliza, "Na dada yangu?"

"Eva? Hata Eva."

"Anayewawashia moto?"

"Hata yeye."

Unajua nilivyo nikikasirika, Kiingereza changu kinakuwa kizuri ghafla. Nikamwambia: hawa watu wameacha chakula kwa mwewe, wamesimama juani na taulo kichwani kwa ajili ya baba yako ambaye hawamjui. Dada yangu analala kwenye nyumba hiyo akiilinda dhidi yako wewe mwenyewe. Kama nyumba yenu inaweza kusema hao wote si watu wa kutosha, basi iuze. Ivunje. Siku tatu nimekuambia uza kwa sababu ni kazi yangu, sasa nakuambia kwa moyo wote, uza.

Akawa mwekundu kuliko udongo wa Daa. Akasimama, na yule mzee ni mrefu. Akasema, "Mtu yeyote asiniambie niuze nyumba ya mama yangu. Hakuna mtu. Wewe ni nani wa kuniambia?"

Mkewe alikuwa na ganda la ndizi mkononi akabaki nalo hivyo hivyo. Ni Josephati aliyesema, kwa Kiingereza chake cha kuokoteza, "Lakini Baba, ndiye wewe unasema tangu jana. Gari langu liko nyuma lenu, madirisha wazi. Mpaka mimi nimechoka na paa lako."

Bwana Leonard akamtazama Josephati. Akatutazama wote na kofia zetu. Hapo ningependa kukuandikia kwamba nilisema neno moja la busara. Nilikuwa nawaza tu kwamba wakala wa Arusha ataninyima kazi msimu mzima. Lekishon ndiye aliyemwuliza, baba yako alikuwa nani? Kwetu ukija msibani unaambiwa aliyekufa ni nani, sala iwepo isiwepo.

Akakaa kwenye jiwe akatueleza. Baba yake alilirithi duka la viatu la mkwewe. Mtaa ulipohamwa wateja wakaisha, wenzake wakamcheka, naye kila asubuhi alifungua na kuyapanga yale masanduku. Alipoulizwa anamngoja nani, alikuwa akijibu hamngoji mtu, yupo dukani kwake. Leonard alikuwa kijana na alimwona mjinga. Alitueleza hivyo, kwa neno hilohilo. Kila mmoja wetu akamwambia pole. Basi. Hakuna sala iliyosaliwa, Eva, wala mahubiri. Nilimtukana mgeni na mgeni akanitukana.

Ndipo akatoa simu. Pale bwawani mtandao huja na kuondoka, ukaja. Huko kwenu kulikuwa hakujapambazuka lakini mama yake alishika mara moja, sauti yake kavu tuliisikia wote. Mama akamwuliza umekula? Akasema hapana. Akamwuliza leo unajua ni siku gani? Akasema najua. Akamwuliza uko na nani, mko wangapi huko?

Bwana Leonard akatutazama. Lekishon akarudi nyuma hatua moja, akasimama kwenye kivuli cha gari.

"Huku hawataki kuhesabiwa, Mama," akasema. "Nihesabu mimi."

Kaka yako,
Remigius